Megatron wa 1984: viungo vimelegea, na mbona hana silaha za ulingoni?

SWALI
Wadau, Megatron wangu wa 1984, lile toi la roboti wa Transformers anayegeuka bastola, akisimama anaanguka, nyonga zimelegea. Kromu nayo inachubuka. Nimsafishe kwa spiriti? Halafu, kwenye katuni alikuwa mpiganaji wa ulingoni, mbona toi ni bastola tu?

JIBU 1
Spiriti weka mbali kabisa, na jiki vilevile. Kromu ile ni utando mwembamba wa alumini chini ya vanishi. Vanishi ikiyeyuka, alumini inaondoka nayo na hairudi. Kitambaa laini chenye unyevu kidogo kinatosha. Usisugue kingo, ndizo huchubuka kwanza, na usimloweshe: skrubu zitashika kutu.

Nyonga: anza na skrubu, kaza robo mzunguko tu. Ukizidisha, plastiki inapasuka. Bado imelegea? Fungua, paka kwenye pini tabaka jembamba la vanishi ya maji isiyo na rangi, iache ikauke usiku kucha, ndipo urudishe. Haitoshi, ongeza tabaka la pili.

JIBU 2
Wengi hutumia supaglu. Mimi siishauri hapa: mvuke wake huacha ukungu mweupe kwenye kromu.

JIBU 3
Kuhusu silaha: toi lilitangulia. Kampuni ya Takara walilitengeneza Japani kama bastola ya Walther P38 katika matoi yao ya Microman, kabla Hasbro, kampuni ya Marekani inayouza Transformers, hawajampa jina. Habari ya mchimba madini aliyegeuka bingwa wa ulingo wa Kaon, mji wa kwenye hadithi hizo, ilisimuliwa baadaye na IDW, wachapishaji wa vitabu vya katuni, mwaka 2007. Kwa hiyo kilichomo boksini ni darubini, kizima sauti na kitako.