Uliuziana ploti, ukalazwa selo: tupeane uzoefu

Wadau, naanza na yangu. Mwaka 2022 niliuza ploti yangu ya Kamulu kwa shilingi milioni 1.5. Mnunuzi akatoa dipoziti ya asilimia 10, yaani 150,000, tukatia sahihi kwa wakili, salio lije ndani ya siku 90. Siku zikaisha, salio halikuja. Baadaye akasema hataki tena ploti, nimrudishie pesa zake zote siku hiyohiyo. Mkataba ulisema anayevunja makubaliano anapoteza dipoziti, na mimi nilikuwa nimeshalipa karo.

Ijumaa saa kumi na moja jioni, askari wawili wakaingia dukani kwangu Kayole. Kosa: kujipatia pesa kwa udanganyifu. Nikatoa mkataba, kurasa nne. Afisa akatazama wa kwanza tu, akaukunja mara mbili, akauweka chini ya kitabu cha OB, kile cha kuandikia matukio kituoni. "Mama, lipa ukalale kwako." Hiyo kamatakamata ya Ijumaa mnaijua. Kifungu cha 49 cha Katiba ya Kenya kinataka ufikishwe kortini ndani ya saa 24, lakini zikiishia wikendi unangoja hadi Jumatatu. Kitinda mimba wangu alikuwa bado ananyonya. Usiku huo nikatia sahihi karatasi kwamba nitalipa, na nikalipa. Bado inaniuma, maana sikumwibia mtu. Nani mwingine yamemkuta, na alitokaje?

MWENYE KIBANDA, GIKOMBA
Pole sana mama. Kaka yangu alimwachia mtu kibanda, akapokea gudwili, yaani pesa za kuachiwa nafasi. Miezi miwili baadaye mwenye jengo akafukuza wapangaji wote. Yule mtu akakimbilia polisi. Kaka alikataa kuandika chochote bila wakili, akatoka kwa bondi ya polisi, yaani ahadi ya kufika akiitwa, ambayo hailipiwi hata senti. Faili lilipofika kwa waendesha mashtaka likarudishwa: hapa hakuna jinai.

MSTAAFU, UMOJA
Yangu iligeuka upande wa pili. Nilinunua ploti Joska kwa pesa za kiinua mgongo. Nilipofanya sachi (kukagua rekodi za ardhi), nikiwa nimeshalipa (kosa hilo nalijutia kila siku), nikakuta hati niliyopewa ni ya kughushi, na tuliouziwa tulikuwa watatu. Kituoni nikaambiwa, "Mzee, hayo ni ya madai, nenda kortini." Kwa hiyo wadau, msiseme kila la ploti si la polisi. Kughushi hati ni jinai tupu. Anayestahili selo anaachwa, na mama mwenye mkataba safi anafungiwa.

KARANI WA WAKILI, MILIMANI
Mzee amegusa penyewe. Kosa la kujipatia pesa kwa udanganyifu liko kifungu cha 313 cha Kanuni ya Adhabu, kifungo hadi miaka 3. Lakini kifungu cha 312 kinataka uongo kuhusu jambo lililopita au lililopo. "Hati hii ni halali", kumbe ni bandia, huo ni uongo wa jambo lililopo. "Nitakurudishia Disemba" ni ahadi, na ahadi ikivunjika ni deni. Swali ni moja: siku pesa zinapokelewa, uongo ulikuwepo? Kwa mama haukuwepo, ploti ilikuwa yake.

Mahakama ya Rufani ilishakataa mwaka 2013 jinai itumiwe kama kete katika mivutano ya madai. Ukishtakiwa hivyo, Mahakama Kuu inaweza kusimamisha kesi. Kifungu cha 157(11) cha Katiba kinamtaka Mkurugenzi wa Mashtaka azuie matumizi mabaya ya sheria. Na mama, karatasi uliyotia sahihi kwa kushurutishwa inaweza kupingwa. Unayo?

MWANZISHA MADA
Ninayo. Ina tarehe, na askari mwenyewe aliandika saa: nne na dakika ishirini usiku, kituoni. Mkataba nao bado una ile mikunjo. Jumatatu asubuhi naleta vyote viwili.