Mali ikikamatwa ikaozea mikononi mwao, alipe nani?

Mwana Manyoni: Wakuu, mwaka jana nilipakia gunia 60 za vitunguu Singida kuja Dodoma. Getini nikasimamishwa, eti lumbesa, yaani gunia limejazwa kupita kipimo. Fuso ikalala pale siku tisa, turubai juu, joto ndani. Siku ya kumi naambiwa chukua mzigo wako, hakuna kesi. Mzigo gani? Nusu umeota majani, nusu uji. Milioni sita hiyo. Barua nimepeleka, jibu "suala lako linashughulikiwa". Sasa mtu akikamata mali kisha akashindwa hata kufungua kesi, ilipe Serikali au akatwe mshahara aliyekamata? Mimi nasema akatwe yeye. Hela ya Serikali ni kodi yangu, nikilipwa hiyo nimejilipa mwenyewe.

Kizota Kwetu: Pole. Ila hapo kwenye lumbesa umeparuka haraka. Ilikuwa lumbesa au haikuwa?

Mwana Manyoni: Gunia zilishonwa kawaida tu.

Kizota Kwetu: Kawaida ya Singida tunaijua. Gunia linavaa kilemba.

Wakili wa Mwembeni: Tuache utani. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5. Unatoa notisi ya siku 30, halafu unashtaki.

Nkuhungu Mzee: Wakili wa mwembeni kweli. Ni siku 90, na nakala kwa Mwanasheria Mkuu. Ukienda bila hiyo unatupwa nje hujafungua mdomo. Na kesi ni Mahakama Kuu. Hata ukiamua kuibana halmashauri, tangu marekebisho ya 2020 Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe. Haya, tuseme umeshinda. Mali ya Serikali haikamatwi kulipia deni la hukumu. Wao Fuso yako waliishika dakika tano, wewe hata kiti cha ofisini kwao hukigusi.

Wakili wa Mwembeni: Nilikosea namba, siyo sheria. Mzee una dharau.

Zabibu Chungu: Mnakumbuka vifaranga vya Namanga 2017? Elfu kumi vilichomwa moto. Nani alilipwa?

Kizota Kwetu: 6,400. Na vilitoka Kenya, habari nyingine kabisa.

Zabibu Chungu: Kifaranga kinajua mpaka?

Mama Shamba Mpwapwa: Mimi nalima, na huyu simwonei huruma. Mnanunua gunia la kilo 100, mnaondoka na 130. Hizo 30 za miaka yote nani atanifidia mimi? Au na mimi nitoe notisi ya siku 90?

Mwana Manyoni: Mama, gunia mnashona nyinyi wenyewe shambani! Nikisema nataka la kilo 100 mnaniambia mnunuzi mwingine yuko njiani.

Mama Shamba Mpwapwa: Tunashona kwa sababu usiposhonewa unaondoka, vitunguu vinabaki vinanitazama. Usinigeuzie kibao mwanangu.

Zabibu Chungu: Mama kapiga penyewe 😂

Kizota Kwetu: Dawa ni mizani shambani. Mpaka leo tunapima kwa macho kama enzi za babu.

Nkuhungu Mzee: Mizani ya nani? Ya dalali? Hiyo nayo ina lumbesa yake.

Wakili wa Mwembeni: Turudi kwenye mada. Katiba ibara ya 24, huwezi kunyang'anywa mali bila fidia inayostahili. Ibara nzima iko upande wake.

Nkuhungu Mzee: Watamjibu hawakumnyang'anya, walimshikia tu. Vitunguu vimeoza vyenyewe. Mwana Manyoni, kama wakili ni ghali, peleka malalamiko Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ipo hapa hapa Dodoma na haitozi ada. Ila tunza karatasi ya kukamatiwa mzigo. Ulipewa?

Mwana Manyoni: Nilipewa kikaratasi cha daftari, hakina muhuri.

Kizota Kwetu: Basi ndugu yangu ulishikiwa na upepo.

Mama Shamba Mpwapwa: Na mimi hizo kilo 30 sikupewa hata kikaratasi.

Mwana Manyoni: Mama, tuyaache hayo. Wakuu, hizo siku 90 zinahesabiwa tangu nilipoandika barua au tangu walipoipokea?

Zabibu Chungu: Mama Mpwapwa, msimu huu gunia mnatoa shilingi ngapi? Nina Canter imelala.