Naombeni ushauri: nimeitwa shahidi kesi ya shamba, huku Iowa

Mtoto wa Sikonge: Wakuu, habari za saa hizi. Nina miaka sita huku Iowa, Marekani, mji mdogo, mahindi kila upande, nafanya kazi kiwanda cha nyama ya nguruwe. Nimepanga chumba kwa wazee wawili wa Kizungu, wakulima. Mmoja alifariki mwezi wa pili, hakuacha wosia wala mtoto, na shamba lina jina lake. Sasa mpwa wake anataka kumtoa huyu aliyebaki. Mwanasheria wa mzee ananiomba nikatoe ushahidi. Mimi mgeni. Niende au nikae kimya? Siku ya tatu hii silali.

Dereva wa Nebraska: Mimi nilianzia nguruwe pia. Usiku mikono inakufa ganzi, kijiko hakishikiki. Ingia kwenye malori, mdogo wangu.

Mama Neema: Ushahidi wa nini? Wazee hao ni ndugu?

Mtoto wa Sikonge: Hapa mjini wanasema ni mabinamu.

Mama Neema: Nimekuuliza wewe, sijauliza mji.

Mtoto wa Sikonge: Sawa mama. Waliishi kama wanandoa miaka 38. Nje ni mabinamu, kanisani kila mtu na benchi lake. Mwanasheria anasema Iowa inatambua ndoa isiyo na cheti, ila lazima wawe walijitambulisha kwa watu kuwa wameoana. Na mimi nilikuwepo hospitali marehemu akimwambia nesi, "Huyu ni mume wangu."

Mwalimu Kasian: Kijana, maandiko yako wazi. Usiweke jina lako humo. Kwenu utaeleza nini?

Kipanga: Hii chai. Mashoga wa Marekani wako San Francisco na New York, si kwenye mabanda ya nguruwe. Mleta mada yuko Tandika.

Shangazi wa Davenport: Kipanga, mashambani wapo siku zote. Jarida lao la vijijini, RFD, lilianzia hapa hapa Iowa mwaka 1974. Na Mahakama ya Juu ya Iowa iliruhusu ndoa hizo Aprili 2009, New York ikafuata 2011. Utauliza kwa nini wazee hawakwenda kuandikisha. Oktoba 1998, Laramie, Wyoming, Matthew Shepard, mwanafunzi shoga wa miaka 21, alipigwa, akafungwa kwenye uzio nje ya mji, akafa. Wazazi wake walikaa na majivu yake miaka 20 wakihofia kaburi litaharibiwa, mpaka 2018 yakazikwa kwenye kanisa kuu la Washington. Wazee hawa walikuwa watu wazima wakati huo, na majirani walewale.

Kipanga: Haya shangazi, nimekuelewa. Lakini mtu halali siku tatu kwa sababu ya ushahidi tu? Kuna kitu kabakiza.

Mtoto wa Sikonge: Mpwa alinifuata wiki iliyopita. Kasema nikikana, nitabaki kwenye nyumba na kodi atakata nusu. Nikamwambia sijawahi kusikia kitu. Msinihukumu wakuu. Nina watoto watatu Sikonge, ada ya Januari hiyo inakuja. Na sijaapa popote, yalikuwa maneno ya uani tu.

Mama Neema: Mume wangu alipofariki, Mbeya, shemeji zangu walibeba hadi masufuria. Walisema hakunioa. Aliyeniokoa ni mpangaji wetu, fundi cherehani, alisimama akasema alichokiona miaka minne. Hakuwa ndugu, hakuwa dini yetu. Nyumba ile ndiyo Neema kakulia.

Mwalimu Kasian: Hilo la mjane ni tofauti.

Mama Neema: Mwalimu, kufukuzwa ni kufukuzwa.

Dereva wa Nebraska: Mdogo wangu, tafuta mwanasheria wako mwenyewe kabla hujaongea na yeyote tena. Kiapo cha uongo ndicho kitakachokuharibia makaratasi.

Mtoto wa Sikonge: Mzee hajui kama niliongea na mpwa. Jana kanipa koti la marehemu, eti la kwangu halifai kwa baridi ya huku. Nimelitundika, sijalivaa. Mwanasheria anataka jibu Jumatatu.