Gari la hili gemu la kuwinda mizimu limetengenezwa na watu wasiojua usukani, nimechoka kabisa

Wakuu habari za usiku. Naandika nikiwa na hasira na naomba nisiambiwe nitulie, maana nimetulia muda mrefu nikiamini apdeti inayofuata itarekebisha, sasa apdeti imekuja na imeharibu zaidi. Jina la gemu silitaji, anayelicheza atalijua kabla hajafika katikati ya uzi.

Kwa wasiolijua, ni yale magemu ya watu wanne kuingia kwenye nyumba yenye mzimu mkiwa na tochi, kipimajoto, kamera, chumvi na ubani, mnatafuta ushahidi mjue ni mzimu wa aina gani halafu mnatoka mkiwa hai. Wengi tulianzia Phasmophobia ilipotoka Septemba 2020, na mle gari ni ofisi tu, limepaki nje, ndani kuna skrini za kamera na asilimia za akili za kila mtu (yani utulivu wake, ukishuka sana mzimu unaanza kuwinda), mkimaliza mnabonyeza pale ukutani mlango unafunga mnaondoka. Hakuna kuendesha. Mzimu wenyewe hautoki nje ya nyumba, kwahiyo ukifika kwenye gari unapumua, mwenzio anakaa kwenye skrini anawaambia mlioko ndani akili zimeshuka chini ya hamsini tokeni, na hiyo peke yake inatosha kukutoa jasho.

Hili ninalolilalamikia lilikuja na wazo kubwa zaidi na ndo maana nililinunua. Gari mnaliendesha wenyewe. Mnatoka kambini mnapita porini usiku mpaka kwenye nyumba, na mkimkasirisha mzimu anawafuata hadi barabarani. Mi kazi yangu mchana ni udereva, Dodoma Singida, Bahi, Kintinku, napanda mlima wa Saranda naingia Manyoni, najua giza la ile barabara usiku likoje pale unapoona kitu kimesimama pembeni na taa hazijakifikia vizuri. Nikasema hawa jamaa wamenifikiria mimi kabisa. Nikakusanya watu wangu, dogo mmoja yuko UDOM, dada mmoja yuko Kondoa, jamaa mwingine yuko Singida, kila mtu kachoma bando lake kulishusha na ni zito kwelikweli.

Sasa sikilizeni vitufe vilivyo.

E inafungua mlango wa gari. E hiyohiyo inaokota vitu. E hiyohiyo ukiwa umekaa siti ya dereva inakutoa nje. Na tangu apdeti mpya E hiyohiyo ndo inawasha na kuzima injini, ukiigusa unatoka, ukiishikilia kidogo injini inawaka, tofauti ya kugusa na kushikilia ni kapunje ka muda ambako hakuna mtu mwenye mzimu mgongoni atakapima. Kwahiyo mzimu anakuja, umeingia ndani, umekaa, wenzio wako nyuma wanapiga kelele, unabonyeza E gari liwake na gemu linaamua umetaka kushuka. Unajikuta umesimama nje mbele ya mzimu. Na kama umepaki karibu na mahali mlipomwaga vifaa ndo balaa, maana E itaokota kwanza kopo la chumvi lililoko chini kabla haijafungua mlango, unasimama na chumvi mkononi mlango umefungwa wenzio wanakuita.

Kibaya zaidi E inafanya kazi hata gari likiwa kwenye mwendo! Hakuna kizuizi chochote. Dada wa Kondoa alikuwa anaendesha, akataka kuchukua ramani iliyoko kwenye dashibodi, akabonyeza E, akatupwa barabarani na gari likaendelea na sisi watatu ndani mpaka kwenye korongo. Alikuwa anasema tu "jamani sijashuka mimi, jamani sijashuka." Na kweli hakushuka, alitupwa na gemu. Timu nzima ikafa, vifaa vyote tulivyovinunua kwa hela ya misheni zilizopita vikapotea, maana gemu hili ukifa vifaa haurudishiwi.

Jamani gari la kweli halifanyi hivyo. Hata IST ya kawaida ya otomatiki haikutolei gia kwenye P bila kukanyaga breki, wamefanya makusudi ili mkono ukigusa kwa bahati mbaya gari lisiondoke. Sasa gemu la mwaka huu, lenye kivuli kila jani la mti, linashindwaje kuweka sharti dogo tu kwamba kama mwendo umezidi kiasi fulani mlango haufunguki? Ni mstari mmoja wa msimbo huo. Nimemuuliza dogo wa UDOM anayesoma mambo ya kompyuta akanambia kaka hiyo hata mwaka wa kwanza anaandika.

Gia nazo. Rivasi iko kwenye S na breki iko kwenye S. Unapunguza mwendo kwenye kona, gari likisimama tu na kidole bado kiko pale, linaanza kurudi nyuma. Nyuma ndo kuna mzimu! Hamna handibreki, au tuseme ipo lakini iko kwenye spesi na spesi ndo inayokuwezesha kutazama nyuma, kwahiyo ukigeuka kuangalia kama mwenzio amepanda, unavuta handibreki. Hiyo aliyekaa akaipanga alikuwa anawaza nini?

Halafu V. Kwenye gemu hili V ni ya kuongea. Wakati huohuo ukiwa kwenye siti ya dereva V ni ya taa fulu. Mnaelewa maana yake? Mzimu anavutwa na mwanga na sauti, mmezima taa mmejificha nyuma ya ghala, mwenzenu bado yuko ndani ya nyumba unataka kumnong'oneza kwenye redio asitoke, unabonyeza V, taa fulu zinawaka zinamulika pori zima. Jamaa wa Singida alikufa hivyo akiwa kafanya kila kitu sawasawa, ushahidi wote watatu alikuwa nao mkononi, alikuwa anasubiri tu neno letu. Nilisikia uchungu kwa kweli, na wala haikuwa zamu yangu kuendesha.

Sasa mtu atasema nenda kwenye setingi ubadilishe vitufe. Hapo ndo hasira yangu ilipo hasa. Vitufe vya kutembea unaweza kubadilisha vyote. Vya gari huwezi! Zamani ulikuwa unaweza, ilikuwa ukurasa wake kabisa, apdeti mpya imeuondoa na kuandika kwamba vidhibiti vya gari sasa vimerahisishwa. Kumrahisishia nani? Nikawaandikia, nikajibiwa kwa adabu kabisa kwamba ugumu wa gari ni sehemu ya hofu ya mchezo.

Hapana. Hilo silikubali na nitalipinga hapa mpaka asubuhi. Hofu ni pale unapojua kabisa kidole chako kitafanya nini halafu bado huna uhakika kama utawahi. Nikibonyeza kuwasha nikajua itawaka, ila injini ni baridi inasumbua, inakohoa mara ya kwanza, mara ya pili, na kwenye saiti mira naona kitu cheupe kinasogea, hiyo ni hofu na nitailipia tena na tena. Gemu lingine la kutisha, Lethal Company, waliongeza gari mwaka 2024, gari gumu kuendesha lile, linapinduka, linalipuka, lakini lina ufunguo wake wa kuwashia na gia yake ya P, R na D unaiona kwa macho iko wapi, ukikosea unajua umekosea wapi na mara nyingine unaangalia. Watu wanalitukana lile gari huku wanalipenda. Hili letu halina cha kujifunza, kitufe kimoja kina maana nne na gemu ndo linakuchagulia. Ukifa hivyo huogopi, unachukia tu.

Kuna suala la pili nalo ni zito kwa sisi wa huku, mtandao. Mwendo wa gari unahesabiwa kwenye seva, yani kompyuta kuu ya gemu, na siyo kwenye kompyuta ya dereva. Kila ukikanyaga breki ujumbe unasafiri mpaka Ulaya, seva inakubali, unarudi. Huku Dodoma sisi kwenye gemu hili pingi (muda wa ujumbe kwenda na kurudi) ya milisekunde 200 ni ya kawaida. Fanyeni hesabu, gari likiwa kwenye kilomita 60 kwa saa linakwenda karibu mita 17 kwa sekunde, pingi ya 200 ni moja ya tano ya sekunde, kwahiyo mpaka uone breki imeshika limeshakwenda mita 3 na kitu mbele. Mita tatu kwenye njia ya porini yenye upana wa gari moja ni mti. Usukani hivyohivyo, unakata kona gari linawaza kwanza, unaongeza kukata, kumbe ile ya kwanza ndo imefika, linapitiliza upande wa pili.

Na sisi umbali huo hatuna namna ya kuupunguza hata ununue bando la bei gani. Mtandao wetu mwingi unapita kwenye nyaya za baharini zinazotua Dar, SEACOM ya 2009 na EASSy ya 2010, na zilipokatika zile mbili tarehe 12 Mei 2024 kila mtu anakumbuka nchi ilivyokuwa. Kwahiyo umbali ni wa kudumu, kazi ya kuuzoea ni ya anayetengeneza gemu, na dawa yake inajulikana miaka mingi. Gemu la QuakeWorld mwaka 1996, enzi za intaneti ya simu ya mezani, walishafanya kompyuta ya mchezaji ikisie mwendo wake palepale bila kusubiri, seva inakuja kusahihisha baadaye kama kuna tofauti. 1996! Na hawa wenyewe kwenye kutembea kwa miguu wameiweka, ukikimbia ndani ya nyumba hausikii uzito wowote hata pingi ikiwa mbaya. Ni gari tu wameliacha. Yani kitu pekee kinachofanya gemu lao liwe tofauti na mengine ndo kitu walichokifanyia uvivu.

Alafu niseme na hili ambalo linaniuma zaidi ya vifaa vilivyopotea. Yule dogo wa UDOM mkono wake wa kushoto uliumia kwenye ajali ya bodaboda, vidole viwili havikunji vizuri. Kabla ya apdeti alikuwa amehamishia mafuta na breki kwenye vitufe vya pembeni ya mausi na ndo alikuwa dereva wetu bora, tulivu, hapaniki, anarudi rivasi gizani mpaka mlangoni mwa nyumba ili anayetoka asikimbie mbali. Sa hivi hawezi kuendesha kabisa. Anakaa nyuma kwenye skrini anatusomea asilimia za akili. Hajalalamika hata siku moja, mi ndo nalalamika. Microsoft walitoa pedi maalum ya kuchezea gemu mwaka 2018 kwa ajili ya watu wenye matatizo ya viungo, dunia inakwenda huko, na hawa wanaondoa ukurasa uliokuwepo tayari na ulikuwa unafanya kazi!

Na hela hairudi. Steam, lile duka la magemu la mtandaoni, wanarudisha kama hujapitisha siku 14 tangu ununue na hujacheza zaidi ya saa 2, utaratibu unajulikana sina ugomvi nao, lakini apdeti ya kuharibu imekuja tukiwa tumeshapita huko kitambo. Tulinunua gemu lenye ukurasa wa vitufe vya gari, sasa tunalo lisilo nao.

Mambo ninayoyataka wala siyo makubwa. Warudishe ule ukurasa hata kesho. Kushuka kwenye gari kuwe na kitufe chake ambacho hakifanyi kazi nyingine yoyote na kisikubali gari likiwa kwenye mwendo. Kuongea kusigongane na kitu chochote kwenye gemu nzima, maana sauti kwenye gemu la watu wanne ndo uhai. Suala la seva najua ni kazi ya muda, sawa, waseme tu kwamba wanalifanya na lini, siyo kunijibu kuhusu hofu.

Kwenye ukurasa wao wa maoni malalamiko ya gari yapo lakini yamezama chini ya watu wanaoomba nguo mpya za wahusika. Mnaolicheza nendeni mkayapandishe, andikeni hata kwa Kiswahili, watatafsiri wenyewe, ila elezeni mlikufaje na mlibonyeza nini, msiandike matusi maana watafuta.

Na swali kwa wenye pedi, kuna aliyefanikiwa kuhamisha vitufe vya gari kupitia setingi za pedi za Steam zenyewe badala ya setingi za gemu? Nimesikia inawezekana ukatengeneza mpangilio mmoja wa kutembea na mwingine wa kuendesha ukawa unabadilisha kwa kitufe kimoja. Kama ipo inayokubali kwenye apdeti hii mpya naomba anielekeze hatua kwa hatua, tena kwa mpangilio wa mkono wa kulia peke yake, nataka kumtumia dogo kabla ya wikiendi.