Farasi kutoka Naivasha hadi Ngong: nakosea wapi?

Wakuu, Jumamosi nampeleka jike mmoja, trela ya farasi wawili. Mara ya mwisho alirudi nyuma kwa kishindo, kamba ikanichuna kiganja.

— Ulimfunga kichwa kabla ya kufunga nyuma, sivyo? Mimi ni saisi, mtunza farasi, miaka 19, na kidole changu kimoja hakikunjiki kwa kosa hilo hilo. Anza na chuma cha nyuma kinachomzuia asirudi, ndipo kamba. Ipitishe kwenye uzi wa katani, ukatike akivuta. Kushusha, fungua kamba kwanza. Na usiizungushe mkononi! Akiwa peke yake mweke kulia, barabara zetu huinamia kushoto.

— Kumbe! Na wavu wa nyasi?

— Tundika juu, asiingize kwato. Ukipanda mlima wa Mai Mahiu, polepole jamani.