Nimejifungua binti, nimezuiwa Meza ya Bwana hadi siku 80: agizo hili linatoka wapi?

Mama_Mufindi aliuliza:

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa, na wale wasio Wakristo nawasalimu kwa heshima zote. Mimi ni mama wa watoto watatu, naishi Mufindi, na kwa miaka sita sasa ni mmoja wa akina mama wanaoandaa Meza ya Bwana katika usharika wetu: tunafua na kupiga pasi vitambaa vya madhabahu, tunasafisha vikombe, tunapanga mkate na divai kabla ya ibada. Watoto wangu wawili wa kwanza ni wavulana. Kila nilipojifungua nilikaa nyumbani siku arobaini kama ilivyo desturi, nikarudi kanisani, nikaombewa pamoja na mtoto, nikaendelea na huduma yangu.

Safari hii Mungu amenijalia binti. Siku ya arobaini ilipotimia nilifika ibadani nikiwa na mtoto mgongoni, lakini kabla sijaingia mzee mmoja wa kanisa aliniita pembeni akanieleza, kwa sauti ya upole kabisa, kwamba kwa kuwa mtoto ni wa kike natakiwa kukamilisha siku 80 kabla ya kugusa vyombo vya Meza au kupokea Chakula cha Bwana. Nilipomuuliza sababu alinifungulia Mambo ya Walawi sura ya 12, na kweli nilisoma kwa macho yangu: aliyezaa mwana ni najisi siku 7, kisha anakaa siku 33 za kutakasika, aliyezaa binti ni najisi majuma mawili, kisha anakaa siku 66.

Sikubishana naye. Nilikaa benchi la nyuma, na wenzangu walipokwenda kushiriki nilibaki nimempakata binti yangu, nikimtazama usoni na kujiuliza amebeba kitu gani kilichomfanya mama yake awe najisi mara mbili ya alivyokuwa kwa kaka zake. Tangu siku hiyo swali hilo halijaniacha. Naomba wenye elimu ya Maandiko wanieleze kama agizo hili linatubana sisi Wakristo, na kwa nini siku za binti ni maradufu. Jirani yangu Mwislamu ananiambia kwao hakuna tofauti kati ya mtoto wa kike na wa kiume katika jambo hili. Ningependa kusikia pia kutoka kwa wanaoifahamu dini hiyo.

Mwinjilisti_Mstaafu (Tukuyu) alijibu:

Mwanangu, pole na hongera kwa uzazi. Nimesoma ujumbe wako mara mbili, na pale ulipoeleza ulivyobaki na mtoto mapajani wakati wenzako wakishiriki, nililazimika kuinuka kidogo nitoke nje.

Tuanze na neno lenyewe, kwa sababu makosa mengi huanzia hapo. Katika Torati, kuwa najisi si sawa na kuwa mtenda dhambi. Hesabu 19 inasema aliyegusa maiti ni najisi siku saba. Basi mtoto aliyemwosha mama yake na kumzika, akitimiza wajibu mtakatifu kuliko wote, alikuwa najisi kwa juma zima, na hakuna aliyesema amekosa. Wengi hutishwa na ile kondoo na hua wa Walawi 12, kwa kuwa mmoja wa wanyama hao anaitwa sadaka ya dhambi. Lakini sadaka ya jina hilo hilo ilitolewa na Mnadhiri aliyemaliza nadhiri yake kwa uaminifu (Hesabu 6), na Musa aliitumia kuitakasa madhabahu (Walawi 8), nayo madhabahu ni mbao na shaba, haina dhambi ya kutubu. Kwa hiyo hata ukiishika Torati neno kwa neno, haikusema kwamba kuzaa ni kosa wala kwamba binti ni mchafu kuliko kaka yake.

Kwa nini basi siku za binti ni mara mbili? Maandiko yenyewe hayatoi sababu. Nakuomba uishike hoja hiyo, kwa sababu kila sababu utakayoisikia ni ya wafasiri. Wapo wanaosema tohara ya mwana siku ya nane ndiyo ilifupisha siku zake. Wapo wanaosema binti naye atakuwa mzaaji, hivyo damu ya uzazi imehesabiwa mara mbili. Kitabu cha Yubile, ambacho Kanisa la Orthodoksi la Ethiopia linakihesabu kuwa Maandiko, kinasema Adamu aliingizwa bustanini baada ya siku 40 na Hawa baada ya siku 80. Ndiyo maana hadi leo Waethiopia hao hubatiza mtoto wa kiume siku ya 40 na wa kike siku ya 80. Wao wana mapokeo yao yaliyokamilika, yenye mfungo, kalenda na ibada zake. Sisi huku Nyanda za Juu tuliletewa Injili na wamisionari wa Kimoraviani na wa Berlin tangu 1891, na mapokeo ya siku 80 si sehemu ya imani tuliyofundishwa katika katekisimu.

Kuhusu Kanisa la kale, ujue kwamba mjadala huu si mpya, na majibu hayakufanana. Katika karne ya 3 askofu Dionysius wa Aleksandria alielekeza kwamba mwanamke aliye katika siku zake aombe, lakini asiikaribie Meza. Karne hiyo hiyo, huko Shamu, maandiko yanayoitwa Didascalia yaliwaonya wanawake waliokuwa wakijitenga na sala: mnadhani Roho Mtakatifu mliyempokea katika ubatizo amewaacha kwa siku saba? Kisha mwaka 601 Papa Gregory Mkuu, akimjibu mmisionari Augustine aliyekuwa Canterbury, Uingereza, aliandika kwamba mwanamke akiingia kanisani kushukuru saa ile ile aliyojifungua hana hatia yoyote, na kwamba aliye katika hedhi asizuiwe kupokea ushirika mtakatifu. Akiacha mwenyewe kwa unyenyekevu ni vizuri, akipokea asihukumiwe. Barua hiyo imehifadhiwa katika historia ya Kanisa iliyoandikwa na Bede mwaka 731.

Waanglikana nao walipita njia hiyo: kitabu chao cha sala cha 1549 kiliiita ibada ya mama aliyejifungua kuwa ni ya utakaso, na toleo la 1552 likabadili jina ikawa ibada ya shukrani. Miaka mitatu tu, lakini ni safari ndefu kutoka neno moja hadi lingine.

Na zaidi ya yote, soma Marko 5. Mwanamke aliyetokwa damu miaka 12 aligusa vazi la Bwana kwa siri, akitetemeka. Kwa Torati ya Walawi 15, yeyote aliyemgusa angekuwa najisi hadi jioni. Bwana hakwenda kuoga. Alimwita mbele ya watu wote, akamwita binti, kisha akaendelea na safari hadi nyumbani kwa Yairo, akaushika mkono wa mtoto aliyekufa.

Mkulima_Igurusi alijibu:

Namheshimu baba Mwinjilisti, ila naomba niseme upande wa pili bila nia ya kumuumiza dada yetu. Mungu habadiliki, na Meza ya Bwana si meza ya chakula cha kawaida. Huku kwetu, mama aliyejifungua hapiki wala haingii shambani kwa siku kadhaa, na hakuna anayemchukia. Tunamwekea heshima na mipaka. Tukianza kuondoa agizo hili kwa sababu linamhuzunisha mtu, tutaondoa mangapi? Siku 40 zilizobaki si nyingi kwa mtu anayempenda Mungu.

Ummu_Kihesa (Iringa) alijibu:

Asalaam aleikum, na hongera dada Mufindi kwa binti. Mimi nafundisha akina mama masomo ya tohara, yaani usafi wa kiibada, katika madrasa, na nitaeleza kwa mujibu wa madhehebu ya Shafii, ambayo ndiyo inayofuatwa na Waislamu wengi wa Afrika Mashariki.

Jirani yako amekuambia kweli. Damu ya uzazi tunaiita nifasi, na hukumu yake haiangalii kama mtoto ni wa kike au wa kiume. Inaangalia damu yenyewe. Kwa Shafii, nifasi kwa kawaida ni siku 40 na mwisho wake ni siku 60, lakini uchache wake hauna kiwango. Damu ikikatika siku ya kumi na tano, mama anaoga josho na kuanza kuswali siku hiyo hiyo. Jambo hili nalisisitiza kwa sababu hata kwetu akina mama wengi hungoja arobaini itimie wakiwa wameshatoharika wiki mbili nyuma, wakidhani wanamtii Mungu, kumbe wanaacha swala za faradhi kwa ajili ya mila. Mimi mwenyewe nilifanya hivyo kwa mtoto wangu wa kwanza, na hakuna aliyenifundisha.

Katika hedhi na nifasi mwanamke haswali na hafungi. Funga atailipa baadaye, swala hailipi. Lakini hakatazwi kumtaja Mungu wala kuomba dua, na wala yeye mwenyewe si kitu kichafu. Mtume Muhammad, rehema na amani zimshukie, alimwomba mkewe Aisha ampe mkeka kutoka msikitini. Aisha akasema yuko katika hedhi, naye akamjibu kwamba hedhi yake haiko mkononi mwake. Alikuwa akiegemea mapajani pa Aisha akisoma Qurani ilhali Aisha yuko katika siku zake, na akinywa katika chombo alichonywea Aisha, alikuwa akiweka mdomo mahali pale pale alipoweka yeye.

Kuna hadithi nyingine ambayo naipenda kwa sababu inamhusu mwanamume. Abu Hurayra, sahaba wa Mtume, alikuwa na janaba, yaani hali ya kuhitaji kuoga josho baada ya tendo la ndoa au kutokwa na shahawa, akakutana na Mtume njiani, akajificha kwa aibu hadi alipokwenda kuoga. Aliporudi na kueleza sababu, Mtume alishangaa na kumwambia kwamba Muumini hanajisiki. Janaba ni ya wanaume na wanawake. Hakuna jinsia inayozaliwa na tohara zaidi ya nyingine.

Mwinjilisti_Mstaafu (Tukuyu) alijibu:

Asante sana, mwalimu, umenisaidia mahali ambapo nilikuwa natafuta maneno.

Ndugu yangu wa Igurusi, nakuheshimu, na hoja ya heshima ya Meza si ndogo. Lakini tukisema Walawi inatubana, itubane yote. Walawi 15, kuanzia mstari wa 16, inasema mwanamume aliyetokwa na shahawa aoge mwili wote na awe najisi hadi jioni. Na mume na mke waliolala pamoja, wote wawili wako hivyo. Nimetumika kama mwinjilisti zaidi ya miaka thelathini, na sijawahi kuona mzee wa kanisa akisimama mlangoni asubuhi ya Chakula cha Bwana kuwauliza wanaume habari za usiku. Walawi 12 hiyo hiyo inadai mwana-kondoo, au hua wawili kwa asiye na uwezo kama Mariamu alivyotoa katika Luka 2, hatudai. Tumeacha kondoo, tumeacha hua, tumeacha siku ya wanaume, tumebakiza siku za mama peke yake. Hilo siwezi kuliita utii wa Maandiko.

Mkunga_Makete alijibu:

Naongezea upande wangu wa kazi, nikiwa mkunga. Damu inayotoka baada ya kujifungua hutoka kwenye jeraha lililoachwa na kondo la nyuma, na kwa kawaida huanza nyekundu, ikafifia, ikaisha kati ya wiki nne na sita. Haibadiliki kwa jinsia ya mtoto. Mapumziko ya siku arobaini nayapenda kwa moyo wote, hasa kwenye baridi ya huku kwetu: mama anakunywa uji wa ulezi, habebi kuni, hashiki jembe, na wengine wanamhudumia. Wazee wetu walijua walichokuwa wakikilinda.

Kinachoniumiza ni aibu inayoambatana na desturi hiyo. Mama aliyefundishwa kwamba damu yake ni unajisi huificha. Anatokwa damu nyingi inayolowesha kitambaa baada ya kitambaa, au ina harufu mbaya na ana homa, na hasemi, si kwa mumewe wala kwa mama mkwe. Nampokea akiwa amechelewa. Wengine hukosa hudhurio la kliniki kwa sababu hawajatolewa nje. Wazee wa makanisa wanaosoma hapa, naomba mnapowatembelea wazazi muwaulize kwanza kama wako salama.

Dada, una siku ngapi sasa, na damu imeisha?

Mama_Mufindi alijibu:

Leo ni siku ya 53, na damu ilikoma wiki mbili zilizopita. Asante kwa kuuliza. Wewe ndiye mtu wa kwanza kuniuliza hivyo.

Baba Mwinjilisti, shikamoo. Nimeandika mafungu yote kwenye karatasi: Walawi 8, 12 na 15, Hesabu 6 na 19, Luka 2 na Marko 5. Ummu, nimempelekea jirani yangu maneno yako akasema naye alingoja arobaini kwa watoto wote wanne. Ndugu wa Igurusi, sina kinyongo. Siku 40 ningezikaa kwa furaha kama ningeambiwa ni za kupumzika, na kama zingekuwa sawa kwa watoto wangu wote.

Alhamisi tunakwenda kumwona mchungaji, mimi na mume wangu, na tumemwomba yule mzee wa kanisa naye awepo, kwa sababu hatutaki jambo hili lisemwe akiwa hayupo. Mume wangu hajashiriki Chakula cha Bwana tangu nilipozuiwa. Hakumwambia mtu yeyote. Anakuja kukaa nami benchi la nyuma, ananipokea mtoto, ananiachia kitabu cha nyimbo. Vitambaa vya madhabahu bado viko kwangu, kwani nilivifua kabla sijajifungua. Nitakwenda navyo vikiwa vimepigwa pasi.