Nani aliandika ile filamu ya draiva mzee wa treni, ya Poland?

Faimani Mstaafu (Nakuru)
Hamjambo. Juzi mjukuu wangu alinionyesha kwenye simu filamu ya zamani, haina rangi, Człowiek na torze, ya 1956. Draiva mstaafu anagongwa na treni usiku, halafu wakubwa wa reli wanakaa kikao: alikuwa mhujumu ama vipi? Kila anayetoa ushahidi anasimulia mzee tofauti. Mkali kwa faimani wake (yule anayechochea moto wa injini), mkaidi, hataki kuchoma makaa duni. (Sisi garimoshi zetu zilichoma mafuta, lakini ule ukali naujua, umenila mgongo.) Kila mahali wanamsifu mwelekezi, Andrzej Munk. Jamani, maneno yaliandikwa na nani?

Nyakati za Dunga (Kisumu)
Shikamoo mzee. Ni Jerzy Stefan Stawiński, aliyezaliwa 1921. Hadithi ni yake, na skripti aliiandika pamoja na Munk. Huyu bwana hakuandika vita vya kusikia. Warszawa ilipoinuka dhidi ya Wajerumani mnamo Agosti 1944 alikuwa kamanda kijana, akapita na watu wake ndani ya mabomba ya maji taka. Hapo ndipo ilipotoka filamu yake Kanał, iliyoelekezwa na Andrzej Wajda, ikapata tuzo ya majaji kwenye tamasha la filamu la Cannes 1957. Watu wanamkumbuka Wajda tu.

Bukhungu Boy (Kakamega)
Msisahau Eroica, Stawiński na Munk tena, 1958. Sehemu ya pili iko kambini kwa maofisa waliotekwa. Wafungwa wanajivunia mwenzao mmoja aliyetoroka, kumbe kajificha juu ya dari ya bweni lao. Wachache wanaojua wanampelekea chakula kimyakimya, wengine wanaishi kwa ile fahari. Stawiński mwenyewe alikuwa mateka wa Wajerumani. Mimi hiyo naiweka juu ya Kanał, mnitukane mkitaka.

Faimani Mstaafu (Nakuru)
Asanteni wanangu. Basi niwaambie kilichonishika. Mwisho wa ile filamu ya treni inajulikana kwamba taa moja ya signali ilikuwa imezimika, na mzee alisimama relini kuizuia treni. Usiku mmoja kule Mau Summit, ukungu kama blanketi, draiva wangu alifunga breki ghafla. Mimi sikuona kitu. Akasema, "Hicho ndicho kibaya, hatuoni kitu." Akanituma na tochi. Nilipanda nguzo, nikashika kioo cha taa: baridi kabisa. Utambi ulikuwa umelowa. Asubuhi kwenye ripoti wakaandika tumechelewa dakika arobaini, faini juu yake. Taa haikutajwa.

Nyakati za Dunga (Kisumu)
Pole mzee. Na draiva alisema nini?

Faimani Mstaafu (Nakuru)
Alitia sahihi, akaniuliza kama chai imechemka. Mjukuu ameshanunua bando, nianze na ipi?

Bukhungu Boy (Kakamega)
Eroica. Kanał itazame mchana, mzee.